Shangazi ana kadi za watu 4, anakuja na Kosta ya watu 31. Nifanyeje?

MwekaHazina_Tabata

Wakuu, habari za jioni. Naomba ushauri, hasa kwa nyie mliowahi kukaa kwenye kamati za harusi mkatoka na akili zenu.

Mdogo wangu wa kiume anaoa, zimebaki wiki tatu. Mimi ndiye mweka hazina wa kamati, maana yake kila shilingi iliyoingia ninayo kwenye daftari na kila anayedaiwa ahadi ananikwepa. Ukumbi uko huku huku Tabata, viti 320. Kadi tumetoa za watu 300. Viti 20 tumeviacha kwa ajili ya wapiga picha, watu wa muziki na yale mambo ya dakika za mwisho. Chakula tumekubaliana na mpishi 28,000 kwa sahani, vinywaji kando. Utaratibu ni ule mnaoujua: ukichanga 50,000 unapata kadi singo, laki moja dabo.

Sasa kuna shangazi. Yuko Soni, Lushoto. Baba alipofariki mimi nilikuwa darasa la nne na huyu anayeoa hajaanza hata chekechea, shangazi ndiye aliyetuchukua. Karoti na viazi vyake ndivyo vilivyonisomesha mpaka kidato cha nne. Kwa hiyo simzungumzii mtu wa pembeni.

Amechanga 200,000. Kwa utaratibu ni kadi dabo mbili, watu wanne. Nikamtumia kadi kwa basi. Jana usiku kanipigia, furaha tupu: "Baba, Kosta tumeshapata, na dereva kakubali kutusubiri mpaka Jumapili. Tuko thelathini na moja."

Nikamwambia, shangazi, lakini zile kadi ni za watu wanne. Akacheka. "Kadi nimeziona, ni nzuri sana. Moja nimeiweka kabatini kwenye vyombo."

Nikakosa la kusema. Nikamuulizia mvua.

Hesabu ni hii: watu 27 wa ziada mara 28,000 ni 756,000. Kwenye daftari sina hata shilingi ambayo haijapangiwa kazi. Ahadi zisizolipwa ni kama milioni moja na laki tisa, na mimi na nyie tunajua hizo zimeshakufa.

Mwenyekiti wetu wa kamati ni rafiki wa bwana harusi kutoka kazini. Yeye anasema hakuna mjadala, mlangoni waingie wanne, wengine wakae kwenye Kosta waletewe soda. Mama yangu bado hajui chochote. Upande wa bibi harusi tuliwabana vibaya sana, tuliwaambia watu 90 na wasizidi hata mmoja, wakanuna wakakubali. Wakiona Kosta kutoka Lushoto inashusha watu kama stendi, tutaongea lugha gani?

Sitaki kumwaibisha shangazi. Na sitaki meza ya wakwe ikose kuku. Nisaidieni.

---

BaunsaMstaafu

Mkuu, mimi nimesimama milangoni kwenye kumbi za hapa Dar miaka sita, nimeona wazamiaji, yaani wanaoingia bila kadi, wa aina zote. Kuna mzamiaji wa suti, huyu anapita anaongea na simu kwa sauti, "nimefika, nimefika, niko mlangoni hapa," ukimsimamisha anakuonyesha kidole kwamba subiri. Kuna wa picha: rafiki yake kapata kadi kaipiga picha kaituma WhatsApp, wanakuja wanne kwa kadi moja. Hawa kadi za kuskani zimewapunguza, maana ikishasomwa mara moja ya pili inagoma. Kuna wa watoto. Kadi imeandikwa kabisa watoto hawaruhusiwi, anakuja nao watatu, wamevaa kama wasimamizi. "Huyu hali, huyu mdogo." Huyo huyo ndiye anayemaliza soda.

Lakini wa Kosta sio wazamiaji, ni kundi jingine, na ndio wagumu kuliko wote kwa sababu wanakuja mchana kweupe na mwenye shughuli anawajua kwa majina.

Ushauri wangu ni mmoja: msimwachie baunsa aamue. Baunsa hamjui shangazi, anajua mashine imekubali au imegoma. Niliwahi kumzuia bibi mmoja, ana kadi singo na amekuja na mjukuu wa kumshika mkono. Nikamwambia bibi ingia, mjukuu asubiri. Bibi akakaa chini pale pale kwenye ngazi, na khanga yake. Kumbe ndiye bibi mzaa mama wa bwana harusi. Bwana harusi katoka nje na suti yake, MC kazima muziki, shughuli ikasimama dakika 40. Nililipwa hela yangu yote lakini sikurudi tena ukumbi ule.

Kwa hiyo kaeni kamati, muamue wanaingia au hawaingii, na shangazi aambiwe akiwa bado yuko Soni. Akishavuka Chalinze umechelewa.

---

Kijukuu

Mkuu tuma lokesheni ya ukumbi tukusaidie mawazo kwa ukaribu.

---

MpishiWaShughuli

Mweka hazina, pole. Mimi napika shughuli, nina masufuria yangu na vijana 11. Nikuambie jambo ambalo wapishi hatulisemi mbele ya kamati: ukinipa oda ya watu 300, sipiki cha watu 300. Napika kinachoweza kusogea mpaka 315, kwa sababu najua mtazidi, na kikipungua atakayetukanwa ni mimi.

Ila hiyo ziada ni ya wali, ndizi, maharage na mboga. Wali hauogopi watu. Kwenye bufe yenye vyakula vingi kilo moja ya mchele naihesabia watu 8, kwa hiyo wageni wako 27 ni kilo tatu na nusu, hata tusingegombana. Kinachoumbua shughuli ni kuku na samaki. Kuku mmoja natoa vipande 8, kila mgeni kipande kimoja. Mwache mgeni ajipakulie mwenyewe uone, anachukua vitatu huku anakuangalia usoni. Ndiyo maana kijana wangu mkali kuliko wote nampanga kwenye kuku, na koleo nampa yeye tu.

Fanya hivi. Nenda kwa mpishi wako wiki hii, usisubiri siku ya shughuli saa moja usiku. Mwambie ukweli, kuna watu 27 wameongezeka, nataka sahani za nyongeza zisizo na samaki na zisizo na yale masaladi ya mapambo. Kama ni mtu mzima atakushushia bei, kwa sababu gesi ni ile ile, gari ni lile lile na vijana ni wale wale.

Pili, wageni wa safari wapewe chakula cha mchana nyumbani, cha kushiba. Kama hakuna atakayepika nyumbani basi jiandae. Mtu ametoka Soni alfajiri, amekula mahindi ya kuchoma njiani, bufe inafunguliwa saa 3 usiku. Huyo mpishi gani atamweza?

Tatu, meza ya wakwe ipelekewe chakula mezani. Wasipange foleni. Hapo hofu yako ya kuku inaisha.

---

MpembaWaWete

Sie kwetu hizo hesabu za sahani wallahi naziona kama adhabu. Unamwalika mtu unamuuzia na chakula? Kwetu pilau au biriani huletwa kwa sinia, watu wanne sinia moja, akitokea wa tano mwasogeza magoti. Akitokea wa sita mwala haraka haraka. Jirani haalikwi kwa kadi, apelekewa salamu, na akija na wageni waliofikia kwake ndio vizuri zaidi.

Lakini nisiseme uongo, na kwetu siku hizi shughuli za wanawake za ukumbini zina kadi, na mlangoni pana mtu, na maneno yanayosemwa pale mlangoni siwezi kuyaandika hapa.

---

MwekaHazina_Tabata

Baunsa, nimekuelewa, na bibi wa kwenye ngazi kanikosesha usingizi. Mpishi, kesho naenda. Mpemba, niliwasomea kamati hilo wazo la sinia, bibi harusi akauliza gauni la mita tatu za mkia linakaaje jamvini.

Bado sijamwambia shangazi lolote. Nikishika simu naweka chini.

---

MamaWaMlalo

Kaka, mimi ni wa huko huko, kwetu Mlalo. Nina swali moja kabla hujaambiwa mengine: hiyo laki mbili ya shangazi yako ilikuja kwa mkupuo, au ilikuja kidogo kidogo?

Nauliza kwa sababu najua bei ya karoti ikishuka inavyokuwa. Mama wa Soni anayelima hatoi laki mbili kwenye kibubu chake mwenyewe kirahisi hivyo. Alipita na daftari. Alianza jumuiya ya kanisani, akaenda kwenye kikundi cha kufa na kuzikana, akamalizia kwa majirani wa njia ya shambani. "Mwanangu anaoa Dar es Salaam." Huyu elfu 10, huyu elfu 5. Na huko kwetu ukishatoa elfu 5 yako kwenye harusi ya mtoto uliyemuona akikua, umo. Hakuna anayekutajia kadi, kwa sababu kadi hujawahi kuiona.

Kwa hiyo wewe kwenye daftari lako una jina moja lenye laki mbili, ukaona huyu ni dabo mbili. Daftari la shangazi lina majina mangapi? Muulize. Yawezekana kabisa hakuna mtu wa ziada hata mmoja kwenye hiyo Kosta.

Na usimuulize kwa sauti ya mweka hazina.

---

MwekaHazina_Tabata

Dada, umenifunga mdomo.

Nilirudi kwenye miamala ya simu. Zilikuja mara sita: 45,000, 30,000, 20,000, nyingine 45,000, 35,000, ya mwisho 25,000. Mimi nikajumlisha nikaandika mstari mmoja, nikaona nimefanya kazi safi.

Nimempigia. Sikuuliza habari za kadi, nikamwambia shangazi nisomee majina ya waliochanga niwaandike vizuri kwenye kitabu cha harusi. Akaenda kuchukua daftari, nikasikia anahangaika na miwani. Majina 29. Kuna mama mmoja hakuwa na hela akatoa debe la viazi, likauzwa. Kuna mwalimu wangu wa darasa la tano, amestaafu, katoa elfu 10. Kuna mama ambaye mwaka ule wa kwanza alikuwa akituletea maziwa kila jioni, nilishasahau hata kwamba yuko hai.

Nikamuuliza shangazi, mbona hukuniambia ni hela ya watu wengi? Akasema, "Niliandika jina langu moja, baba, ili usipate tabu ya kuandika."

Sasa nimeelewa, lakini hela bado haipo. Kwa utaratibu wa kamati elfu 5 haina kadi. Hapa hapa Dar kuna watu 40 na kitu walitoa elfu 20, elfu 30, hatukuwapa kadi na wamenyamaza. Nikiwaingiza wa Soni kwa elfu tano tano, hawa nitawaambia nini? Mwenyekiti kanishikia hapo hapo na siwezi kusema amekosea.

---

JiraniWaMachakos

Nasoma hii na ninashangaa kidogo. Huku kwetu Ukambani harusi ya nyumbani ni hema shambani, na sufuria zinasimamiwa na akina mama wa kijiji. Kadi ipo lakini ni ya heshima, hakuna mtu anaskani kitu. Tunachanga pesa mapema kabisa, na siku ya harusi anayekuja anakula. Shida yetu ni vijana wanaotokea chakula kikipakuliwa na kupotea wakati wa kutoa zawadi.

Hao wa elfu 20 wa mjini wako na njia ya kurudi nyumbani jioni. Hawa wa Kosta wametoka mbali na wanalala wapi? Hilo mmepanga?

---

BaunsaMstaafu

Swali la jirani ni la msingi, wanalala wapi watu 31?

Kuhusu kadi, mkuu, kuna kitu kamati nyingi hazihesabu. Kadi 300 haziji 300. Kwenye harusi za michango kuna watu wanalipa ili wasidaiwe, basi. Siku yenyewe yuko zake kwingine. Mpaka saa 3 usiku mlangoni unajua kabisa nani haji. Usiwaahidi watu viti kwa hesabu hiyo, lakini ijue.

Wa Soni watengenezeeni kadi zao, kila mmoja jina lake, iskaniwe kama ya bosi. Wasiingie kwa "hawa ni wa shangazi". Baunsa akisikia "hawa ni wa fulani" ndipo mambo yanapoharibika, maana nyuma yao watapita na wengine 10 ambao si wa fulani yeyote. Na msiwapange meza za nyuma karibu na choo. Watu wa mbali wakiwekwa nyuma wanajua.

---

MamaWaMlalo

Wanalala kanisani au kwa watu wa Lushoto walioko Dar, kaka, hilo shangazi amelipanga kabla hata ya Kosta. Usimuulize.

---

MwekaHazina_Tabata

Wakuu, nimerudi kuleta ripoti, samahani kwa kimya. Harusi ilikuwa Jumamosi iliyopita.

Kikao kilikuwa kirefu. Mwenyekiti alikataa mpaka mwisho. Aliyemaliza mjadala ni bwana harusi mwenyewe. Kawaida hasemi, lakini siku ile alisimama akasema fataki za wakati wa kukata keki zifutwe. Zilikuwa 350,000. Mpishi naye, nilipomwendea na maneno ya MpishiWaShughuli kama yalivyo, akanipa sahani 20 za nyongeza bila samaki kwa 18,000, jumla 360,000. Elfu 10 ya juu nikatoa mfukoni. Saba waliobaki nikasema watakula kwa hao wasiokuja. Wale wa mjini wa elfu 20 niliwapigia mmoja mmoja nikawaeleza. Wawili walinitukana, wengi walisema sawa, mmoja akaniongezea elfu 30 akapata kadi yake.

Kosta ilifika saa 5 asubuhi nyumbani kwa mama. Mama nilimwambia Alhamisi, akanuna nusu saa, halafu akaenda kuazima sufuria. Walikula wali na maharage na kabichi waliyokuja nayo wenyewe, kwa sababu juu ya Kosta kulikuwa na magunia: viazi mawili, karoti mawili, kabichi moja. Kulala, kama dada wa Mlalo alivyosema, shangazi alikuwa na orodha ya nyumba saba kuanzia Segerea mpaka Kimara.

Mlangoni kila mmoja alikuwa na kadi yake. Mwalimu wangu aliskaniwa, mashine ikakubali, akamuomba kijana amrudishie kadi. Tuliwaweka meza tatu upande wa kulia, mstari wa pili kutoka meza kuu. Wakwe waliletewa chakula mezani na kuku hakupungua. Mama mkwe aliuliza wale wenye vitenge vya kijani ni akina nani, nikamwambia ndio waliomlea bwana harusi. Akaenda kuwasalimia meza zote tatu. Kuhusu wale 90 hakusema kitu, ingawa mjomba wa bibi harusi alisema, na bado anasema.

Hesabu za mlangoni: mpaka saa 3 usiku kwenye zile kadi 300 walikuwa wamefika watu 262. BaunsaMstaafu, nakuvulia kofia. Wa Soni 27 wa nyongeza, hiyo ni 289. Halafu kuna watu 14 waliopita bila kadi yoyote, wote wa mjini, wote "niko na fulani".

Na wanne kati ya hao 14 waliingia na mwenyekiti wetu wa kamati. Kadi dabo, watu sita: yeye, mke, shemeji, watoto wawili na jirani yao. Nilimuona akimwambia kijana wa mlangoni, "Hawa ni wa kamati." Sikusema kitu. Nimeandika tu kwenye daftari, na kikao cha kuvunja kamati ni Jumapili hii.

Shangazi amerudi na sahani moja ya ukumbi, sijui aliipataje, na mimi sijamuuliza. Inabidi niilipie.

Karoti bado ni nyingi. Aliye karibu na Tabata apite nyumbani kwa mama achukue.

---

Kijukuu

Mkuu niko hapa Tabata Relini. Nakuja na wenzangu watatu.